Kitambaa Mdomoni mwa Kibao

Nyumbani kwa Afande hapakuwa na mlango uliofungwa kwa mkono mmoja. Afande ni jina alilopewa na majirani tangu arudi vitani. Mkewe, fundi wa cherehani, alibandika vipande vya kitambaa kwenye fremu zote za milango. Cherehani yenyewe aliiweka juu ya blanketi. Sufuria zilipangwa na matambara katikati. Watoto nao walijifunza kucheka huku wameziba midomo.

Sababu ilikuwa moja. Mlio wa ghafla ulimrudisha Afande vitani. Mfuniko ukidondoka, kufumba na kufumbua yuko chini ya meza, jasho linamtiririka. Baadaye aliona haya, akashinda ndani.

Sasa alikuwa amepata kazi. Jeshini aliwahi kupiga picha za kikosi chake, na mwongozaji mmoja wa filamu alilipenda jicho lake. Akamchukua awe msaidizi wa mpiga picha, kwa majaribio ya miezi mitatu. Alimwahidi kwamba akifanya vizuri, atamfundisha kuongoza filamu. Afande aliizungumzia ahadi hiyo kila siku. Mkewe hakuwahi kumwona akitamani kitu namna ile tangu arudi.

Lakini msaidizi ndiye anayegonga kibao. Kibao hicho ni ubao mdogo wenye mdomo wa kufungua na kufunga. Kila picha inapoanza, kinagongwa mbele ya kamera, pa! Siku ya kwanza Afande alikigonga, kikamtoka mkononi. Siku ya pili aligonga akakimbilia nje. Mwongozaji akamwambia kwamba hatavumilia mara ya tatu.

Roho ya mkewe haikutulia. Asubuhi, mumewe akiwa anaoga, alikitoa kibao kwenye begi, akabandika kitambaa kizito ndani ya mdomo wake. Akakijaribu. Kikafunga bila sauti. Afande alipokiona alimtazama mkewe, akashusha pumzi, akakirudisha kwenye begi.

Siku mbili walipiga picha kando ya barabara yenye magari mengi, na hakuna aliyegundua. Siku ya tatu Afande alirudi mapema, akakaa kitandani bila kuvua viatu.

"Kumbe picha na sauti hunaswa kila moja peke yake," alisema. "Ule mlio ndio unaozikutanisha. Bila mlio, mdomo unasema hapa, maneno yanakuja kule. Mwongozaji ameniita Jumatatu."

Mkewe aliinuka. Yeye mwenyewe ndiye aliyemharibia mumewe. Alivaa kandambili zisizofanana, akaenda nyumba ya pili kwa muuguzi wa kliniki ya afya ya akili. Akamweleza yote, hata habari ya kitambaa.

"Jirani, mumeo si mwoga, wala hajarogwa," muuguzi alimwambia. "Mwili wake ulijifunza vitani kwamba mlio ni hatari. Bado haujajua kwamba vita vimekwisha. Mkiificha milio yote, mnazidi kuuaminisha kwamba hatari ipo."

"Kwa hiyo tupige kelele?"

"Hapana. Msimshtue hata kidogo. Kwanza aje kliniki, matibabu yapo. Mshauri atawaongoza. Mtaanza na mlio mdogo, wa mbali, anaoutarajia na alioukubali mwenyewe. Na kazini aseme ukweli, ili wamwambie kabla ya kila mlio."

Fundi alirudi nyumbani, akachukua wembe wa kufumulia mishono, akakikwangua kile kitambaa kwenye kibao. 

Jumatatu walikwenda pamoja. Afande alisema ukweli akiwa ameinamisha kichwa. Mkewe naye akakiri la kwake. Mwongozaji alikipokea kibao, akakikagua. Kisha akasema kwamba sauti ya siku zile wataipanga kwa kufuata midomo ya waigizaji, kazi ya wiki nzima, na Afande atakaa hapo asaidie. Kuanzia siku hiyo, kabla ya kibao kugongwa, mtu husema "Kibao" na kuhesabu mpaka tatu.

Kila wiki Afande alikwenda kliniki. Nyumbani, kama mshauri alivyoelekeza, mkewe alisimama na kibao mwisho wa ua.

"Tayari?"

"Bado."

Alingoja. Siku nyingine alingoja weee, wakaingia ndani bila kugonga. Siku nyingine Afande alisema tayari, naye akagonga polepole. Mwezi baada ya mwezi alimsogelea hatua moja.

Ilipita miaka miwili. Afande akapewa filamu fupi aiongoze mwenyewe. Siku ya kwanza ya kazi alimwomba mkewe akigonge kibao cha kwanza. Fundi alisimama mbele ya kamera, kibao mkononi.

"Kibao. Moja, mbili..." Akasita.

"Gonga, mama watoto," Afande alisema. "Kwa nguvu, kisikike."

Akagonga. Mabega ya Afande yaliruka. Mkewe aliyaona, akakodolea macho magoti ya mumewe, akingoja yakunjike. Hayakukunjika. Afande alivuta pumzi, akarudisha jicho kwenye kamera, akawaambia waigizaji waanze.