Zamu ya Mchezaji wa Pili

Saa saba mchana fundi simu aliporudi nyumbani kumpakulia baba yake chakula, alikuta mto wa kiti cha mama umebonyea katikati, kama mtu ameinuka sasa hivi.

Mama alikuwa amezikwa miezi kumi na minne iliyopita. Tangu hapo hakuna aliyekikalia kiti kile.

"Baba, alikuja mgeni?"

"Mgeni gani?" Mzee alikuwa kwenye kochi lake, simu mkononi, vidole gumba vikienda mbio. Hakuinua macho. "Sisi wenyewe tu."

Binti yake aliupiga mto makofi mawili, ukajaa. Akaenda jikoni. Aliporudi na sahani, mto ulikuwa umebonyea tena.

Akaiweka sahani mezani, akaacha maswali. Zilikuwa siku tisa tangu baba yake aanze tena kuzungumza, na hakutaka kuzivuruga kwa ajili ya mto.

Mzee alikuwa msahihishaji kwenye kiwanda cha uchapaji kwa miaka thelathini na moja. Alistaafu, na mwaka uliofuata mkewe akafa. Akanyamaza. Alikula akilishwa, alilala akilazwa. Majirani walisema ni uzee. Binti yake, mwenye kibanda cha kutengeneza simu nyuma ya kituo cha mabasi, alijua si uzee.

Alipokuwa akipanga kabati ndipo alipoikuta mashine ya gemu, ile ya kuchomeka kwenye televisheni, imefungwa kwenye kanga ya mama pamoja na kaseti yake moja ya mchezo. Ilinunuliwa alipokuwa darasa la tatu. Yeye aliicheza wiki mbili akaichoka. Wazazi wake waliicheza miaka kumi na minane.

Ilikuwa na pedi mbili za kuchezea, moja ikafa mapema, ikabaki moja. Kwa hiyo nyumba ilikuwa na sheria: ukifa, unapisha. Kikatuni chako kikitumbukia shimoni, unamkabidhi mwenzako pedi bila mjadala. Baba alicheza kama alivyosahihisha, polepole, akipima kila kuruka. Mama alicheza kama mtu anayekimbilia basi. Kila mara alikufa kwenye kisima cha tatu, kwa sababu akifika pale alifumba macho na kucheka. Zamu ya mumewe ikirefuka, alikaa kwenye kiti chake akigonga kucha kwenye mkono wa mbao, akimchokoza:

"Kufa basi, Bwana Mkubwa, na mimi nishike!"

Mashine yenyewe ilikuwa imeoza kwa kutu, haitengenezeki. Lakini kaseti ilikuwa nzima. Asubuhi moja kibandani, fundi aliifungua, akaiunganisha kwa nyaya, akanyonya kila kilichokuwa ndani mpaka kwenye simu kuukuu ya baba yake. Akaweka na programu inayoifanya simu ijifanye mashine ya zamani. Wakati wa kuiweka, programu iliuliza maswali manane. Alibonyeza "kubali" mara nane bila kusoma hata moja. Ndivyo alivyofanya kwa simu za wateja siku nzima. Fundi akianza kusoma, foleni haiishi.

Betri ya simu ile ilikuwa imechoka. Ikifika asilimia kumi na tano huzimika ghafla. Alijua. Alisema ataibadilisha kesho. Kinyozi hajinyoi.

Siku ya kwanza mzee alisikia muziki wa gemu akatabasamu. Alicheza robo saa. Akafa. Skrini ikawa nyeusi, maandishi meupe yakamwita mchezaji wa pili. Mzee, bila kufikiri, aliinyoosha simu upande wa kushoto, kwenye kiti kitupu.

"Haya, shika, mke wangu."

Mkono ukabaki hewani. Kisha akakumbuka, na akalia kwa sauti, mbele ya binti yake, kwa mara ya kwanza tangu mazishi.

Binti hakuweza kuvumilia. Akamfundisha ujanja ambao mashine ya zamani haikuwa nao. "Ona hiki kitufe cha pembeni, baba. Kabla hujaruka, sevu hapa, simu ikumbuke ulipofika. Ukianguka, bonyeza hiki, unarudi ulipokuwa. Hivyo hufi."

"Sifi kabisa?"

"Kabisa. Na zamu haihami."

Akaanza kula. Akaanza kuuliza habari za kibandani. Siku ya tano alimtania binti yake kuhusu viatu vyake. Siku ya tisa mto ukabonyea.

Siku ya kumi ikaja harufu. Ilikuwa ya mafuta ya nywele ya mama, na chini yake harufu nyingine, kama nguo iliyosahauliwa ndani ya ndoo ya maji kwa siku tatu. Binti alifungua madirisha yote. Harufu haikutoka, ilikuwa upande mmoja tu wa chumba.

Siku ya kumi na moja aliona vidole gumba vya baba yake. Vilikuwa na malengelenge, kimoja kimepasuka na kuchafua kioo.

"Baba, pumzika basi. Gemu haikimbii."

"Siwezi kusimama."

"Kwa nini?"

Mzee alitupa jicho kushoto, akashusha sauti mpaka binti akalazimika kuinama. "Nikisimama anadhani nimekufa, anataka simu. Nikiendelea anakasirika kwamba sifi. Jana kaniambia." Vidole gumba havikusimama. "Kasema, kama sifi mle ndani, basi nife huku nje. Zamu ni zamu."

"Nani kasema, baba?"

"Mama yako."

Alisema bila huzuni, kama mtu anayetaja saa.

Kesho yake fundi alifunga kibanda saa nane. Jua lilikuwa kali, watoto wanatoka shule, jirani anasuuza vyombo uani. Alifika mlangoni, akainua mkono kusukuma, akasimama, kwa sababu kutoka ndani, chini ya muziki wa gemu aliousikia tangu utotoni, kulikuwa na kucha zinazogonga mbao, nne kwa mpigo, kidole kidogo kikitangulia, vile vile alivyokuwa akigonga mama yake, ila hazikupumzika kama zinavyopumzika za mtu, zilienda tu bila pumzi, na juu yake ikaja sauti ya mama, sauti yenyewe, na kicheko chake, ikisema maneno yale yale ya mzaha yaliyoichekesha nyumba hii miaka kumi na minane, isipokuwa sasa ilikuwa ikiyarudia kwa mwendo mmoja, bila kupanda wala kushuka, kama mtu aliyekariri lugha asiyoijua: kufa basi Bwana Mkubwa na mimi nishike, kufa basi Bwana Mkubwa na mimi nishike, kufa basi.

Aliusukuma mlango. Kucha zikanyamaza. Mzee alikuwa peke yake kwenye kochi, analia bila sauti, anacheza.

Ghorofa ya juu aliishi mwanamke aliyeshona sare za shule mchana na, watu wakimhitaji, alishughulika na majini. Walimwita Bibi Sindano. Aliisikiliza habari yote huku akipinda ukosi. Aliposikia kuhusu kitufe cha kurudi nyuma, akaiweka sindano chini.

"Huyo si mama yako," alisema. "Mama yako kaenda alikokwenda. Hicho ni kitu kilikuwa kinapita, kikakuta kiti kitupu, na mkono umenyooshwa."

"Lakini hatujakialika, bibi."

"Baba yako kasema 'haya, shika'. Ulitaka kitumiwe kadi?"

"Basi kitoe."

"Nikitoe vipi na kina haki? Kimeahidiwa zamu, mkaificha. Jini mwenye haki ukimfukuza, anarudi na ukoo wake." Aliinuka, akatafuta kifuniko cha bati na ubani. "Ule ujanja wako ufute wote. Mzee acheze kihalali, afe kihalali, akipishe. Nacho kicheze mpaka kife. Kikishakufa hakina kesi tena, hapo nakitoa. Ila usikie, mjukuu wangu: zamu yake isikatike katikati."

Alasiri ile walikaa watatu. Bibi Sindano alikaa sakafuni, macho amefumba, moshi wa ubani mbele yake, midomo inatembea. Fundi alifuta kila kilichosevwa, hatua moja moja, mpaka orodha ikawa tupu. Chaji ilikuwa thelathini na moja. Alipiga hesabu: zamu ya mtu wa kawaida haifiki dakika kumi. Inatosha.

Mzee alicheza. Kwenye daraja la kwanza akaruka mapema, akatumbukia.

Skrini ikawa nyeusi. Maandishi meupe.

"Haya," alisema. "Shika."

Aliinyoosha simu kushoto. Haikuanguka. Alipoachia vidole ilibaki pale, juu ya mto uliobonyea, imeinama kidogo, kama inavyoinama mkononi mwa mtu anayeitazama. Kikatuni kikaanza kukimbia.

Kilikimbia vizuri. Kisima cha kwanza kikaruka. Cha pili kikaruka. Mzee alisogea mbele ya kochi, uso umelegea kwa mapenzi, na binti alimwona akisubiri kile kicheko, mahali pale ambapo mkewe alifumba macho kila mara. Kisima cha tatu kikafika. Kikatuni kilisimama ukingoni, kikapima, kikaruka, kikatua upande wa pili kwa miguu yote miwili.

Mzee alirudi nyuma taratibu.

"Si yeye," alinong'ona. "Mwanangu, huyu si yeye. Mama yako hajapata kukivuka kile."

"Najua, baba."

"Nilimpa nani simu?"

Kitu kile kilikuwa kinaendelea kucheza na hakikuwa kinakosea, kisima cha nne, cha tano, milango ambayo wazazi wake hawakuifikia kwa miaka kumi na minane, muziki ambao binti hakuwahi kuusikia, na moshi wa ubani ulikuwa unainamia upande mmoja ukikikwepa kiti, na chaji ilikuwa ishirini na mbili, kisha ishirini, kisha kumi na nane, na fundi alikuwa ameshika waya wa chaja mkononi, umechomekwa ukutani tayari, amebakiza hatua mbili tu kuufikisha kwenye simu, lakini hatua hizo mbili zilipita ndani ya ile harufu ya nguo iliyooza ndani ya ndoo, na alipojaribu ya kwanza alisikia karibu na sikio lake, polepole, kucha nne zikigonga mbao, na mguu wake ukakataa.

Kumi na sita.

"Binti," Bibi Sindano alisema bila kufumbua macho. "Chaja."

Kumi na tano.

Simu ikazimika. Ikaanguka juu ya mto, ikadunda, ikatulia. Mto ukajaa wenyewe, taratibu. Harufu ikatoka kama mtu aliyefunguliwa mlango. Kutoka uani ikarudi sauti ya vyombo vya jirani.

Mzee aliushika mkono wa binti yake. Walikuwa wanacheka wote wawili, kicheko cha watu waliokoswa na gari.

Bibi Sindano alifumbua macho. "Kimekufa?"

"Simu imezimika, bibi. Kimeondoka. Ona mto."

"Sijakuuliza simu. Nimeuliza, kimekufa?"

Fundi aliitazama simu. Bibi akaokota kifuniko chake cha bati, akapanda ngazi bila kuaga.

Usiku ule mzee alilala fofofo. Kesho yake alikunywa chai vikombe viwili, akasema kiti kile kitolewe, agawiwe mwenye haja. Fundi alikwenda na simu kibandani. Akabadilisha betri aliyoahidi kuibadilisha, ili aiwashe na kuifuta kabisa.

Ilipowaka, kabla hajagusa kitu, programu ilileta maneno kwenye skrini. Kwa mara ya kwanza aliyasoma. Yalisema kwamba mchezo ulikatika chaji ilipoisha, na kwamba, kama alivyokubali siku ya kwanza, programu ilikuwa imeusevu yenyewe. Chini yake: mchezaji wa pili, yuko hai. Na swali: uendelee ulipoishia?

Hakubonyeza. Akaichomoa betri, akaifungia simu kwenye droo, akafunga kibanda. Alikimbia njia nzima.

Alisikia kucha kabla ya kufika mlangoni. Nne kwa mpigo.

Baba yake alikuwa amekaa kwenye kiti cha mama, kile alichosema kitolewe. Mgongo umenyooka, mkono wa kulia juu ya mbao, vidole vinagonga, kidole kidogo kikitangulia. Chai ya saa nne ilikuwa imepoa pembeni, haijaguswa.

"Baba. Inuka hapo. Unafanya nini?"

"Nasubiri," alisema mzee. Vidole havikuacha kugonga. "Mimi nilikufa, mwanangu. Chenyewe hakijafa. Ukifa, unapisha."

Kwenye kochi, mahali alipokaa mzee miaka yote, mto ulikuwa umebonyea. Hapakuwa na simu pale. Lakini muziki wa gemu ulikuwa unatokea hapo hapo, ule wa milango ya mbali, ambao mama hakuwahi kuufikia.

Mzee aliugeukia mto ule. Akajaribu kucheka, kama mtu anayemchokoza mwenzake.

"Kufa basi," alisema. "Na mimi nishike."