Kobe wa Bwawani na Mgono wa Brigita

Kila asubuhi kabla ya shule, Brigita alipita bwawani Kitomanga kuangalia mgono wake, mtego wa fito ambao baba alimsukia ili anase kambale. Kobe wa maji waliozoea kuota jua juu ya gogo walikuwa wakipungua, na yeye alikwisha kumjua mwizi. Nani mwingine kama si Mzee Abilahi? Mvuvi huyo alipita na kikapu kilichofunikwa majani ya mgomba, na akiulizwa kabeba nini, alijibu, "Mambo ya wakubwa hayo."

"Anawala," Brigita alimnong'oneza rafiki yake Salima.

"Mzee Abilahi? Kwetu Waislamu kobe haliwi."

"Basi anauza."

Maneno hayo yakamfikia mwenyekiti wa kijiji. Akasema ikithibitika, Mzee Abilahi atafukuzwa bwawani.

Kesho yake Brigita alijibanza kwenye matete. Lahaula! Mzee aliuvuta mgono wa Brigita mwenyewe, akatoa kobe, akamtia kikapuni.

"Leo nimekukamata," Brigita alisema akijitokeza. Hata shikamoo aliisahau.

Mzee Abilahi akamfunulia kikapu. Kobe alikuwa amekufa, shingo imelegea.

"Unauzamisha mgono wote, mwanangu. Kobe si samaki, lazima apande juu kuvuta hewa. Tazama mgono wangu, kichwa chake nimekiacha nje ya maji."

Uso wa Brigita uliwaka kwa aibu. "Mbona ulinificha, babu?"

"Nilikuwa nikiwazika. Kuuhamisha mtego wa mtu bila ruhusa kwetu ni ugomvi, nikamngoja baba yako arudi kutoka Lindi, nimweleze bila kukuaibisha. Ila nami nimekosea. Kuficha kwangu ndiko kulikokutia shaka."

Brigita alikwenda moja kwa moja kwa mwenyekiti. Mbele ya watu, huku akilia, alisema, "Kobe nimewaua mimi. Mzee Abilahi nimemsingizia."

Jioni mama yake, Marietha, alimwambia, "Umefanya vyema kusema kweli. Lakini kikapu cha mwenzio umekichunguza, mtego wako hukuuchungulia. Siku nyingine anza na wako."

Asubuhi, kichwa cha mgono kilikuwa juu ya maji, na ndani kobe mzima akikwaruza fito. Brigita alimfungulia. Kobe alimtazama kwa shaka, kisha akazama. Brigita hakumlaumu.