Mabati ya Daraja

Kila asubuhi Amne alichemsha chai chini ya mabati matatu ambayo hayakuwa yake. Yalikuwa ya daraja.

Daraja lenyewe ni la mbao, liko nyuma ya nyumba zao, katika mtaa wa Chatsworth. Wazee waliohamishiwa hapa zamani walilijenga kwa mikono yao wakaliezeka kama nyumba, ili wavuke kijito na kuwafikisha marehemu wao makaburini. Hata mume wa Amne alivushwa hapo, mabegani mwa watu.

Kisha yakaja yale mafuriko makubwa. Jiko la Amne likabomoka. Majirani walikuwa wakibandua mabati ya daraja, naye akabandua.

"Daraja haliugui mafua!" walicheka.

Misimu ya mvua ikapita. Siku ya kumzika Mzee Shabani, jirani yao Japhet, ambaye ni Mkristo, alitoa bega kama wengine.

"Mzee huyu ndiye aliyenifundisha kuendesha gari," alisema.

Katikati ya daraja ubao ukakatika. Mguu wa Japhet ukazama hadi pajani, ukavunjika. Lakini jeneza hakuliachia. Alilishikilia, machozi yakimtoka, mpaka wenzake wakalipokea.

Hakurudi tena kwenye kazi yake ya kupakia mizigo kwenye viwanda vya Mobeni.

"Lichomwe moto daraja hilo," watu walisema. "Limezeeka."

"Ngojeni kwanza," alisema Julienne, seremala Mkongo wa mtaa huo.

Akaingia darajani na bisibisi, Amne akimfuata. Akachoma boriti kwa ncha yake. Bisibisi ikazama kama kwenye muhogo uliochemshwa. Akasogea pale lilipobaki bati moja, akachoma tena. Bisibisi ikagoma.

"Unaona, mama? Mbao ni zilezile. Huku iko nguvu, huku imeoza."

"Kwa nini?"

"Hii paa haikuwa ya kufunika watu. Ilikuwa ya kufunika mbao. Mbao ikilowa na ikauka, hakuna shida. Ikikaa na maji, inaoza ndani, na juu unaona iko sawa tu. Eish! Nani alitoa mabati?"

Amne alitazama kijito.

"Mimi," alisema. "Na wengine. Lakini mimi pia."

Julienne hakumkaripia. Alimshika mkono, akamvusha pale pabovu.

Siku hiyohiyo Amne aling'oa mabati ya jikoni kwake. Majirani walipomwona amejitwika bati kichwani, kicheko hakikuwepo. Mmoja mmoja wakaleta yao.

Julienne alitoa mbao zilizooza tu akaweka mpya, zile ngumu za wazee akaziacha. Alizoa tope lililorundikana kwenye ncha za boriti. Akaacha nafasi kati ya ubao na ubao, maji yashuke na hewa ipite. Mwishowe akayapigilia mabati juu.

"Kila mwaka, kabla ya mvua, mkague paa," alisema. "Bati likitoboka, zibeni mapema. Na kwa mazishi, msijazane juu yake."

Mvua ikanyesha. Amne akapika huku akilowa. Mara akasikia hodi. Alikuwa Doris, mke wa Japhet, na turubai mkononi.

"Shika, dada. Utapikaje kwenye maji?"

"Doris, unajua ni nani aliyetoa yale mabati?"

"Najua. Shika upande huo, tufunge."

Mazishi yaliyofuata, Japhet alisimama mwanzoni mwa daraja, ameegemea mkongojo. Mguu wake haukurudi kama zamani.

"Wabebaji tu!" aliita. "Wengine ngojeni!"

Jeneza likapita pakavu. Hakuna ubao uliolia.