Kisanduku Kilichozimwa Katikati

Kila Jumamosi asubuhi Kache alifagia ua wa nyumba, akachota maji, kisha akakaa barazani kuchaji betri na kukunja nyaya za kaka yake Kahindi. Kahindi alirusha mechi, harusi na mazishi moja kwa moja kwenye mtandao, ili watu wa Matsangoni wanaofanya kazi Uarabuni waone ya nyumbani. Kazi yote ilitegemea kisanduku kidogo, ukubwa wa tofali. Kamera ilikipa picha, nacho kilizihifadhi na kuzirusha.

Jumamosi hiyo ilikuwa fainali ya soka, Matsangoni na Watamu. Fainali ya mwaka uliopita iliishia kwa mawe, na mtu mmoja akapoteza jicho. Kwa hiyo kamati ya mashindano ilikata shauri: goli likibishaniwa, picha za Kahindi ndizo zitakazoamua.

Walipofika uwanjani, Kahindi alionyesha maandishi kwenye kioo cha kisanduku. "Kinasema kuna toleo jipya la programu yake. Usikiguse. Nitakisasisha kesho nyumbani, kwenye umeme. Kikishaanza hakizimwi mpaka kimalize."

"Sawa, kaka."

Kahindi akapanda jukwaa la mbao na kamera yake. Kache alibaki chini ya mwavuli na kisanduku, pamoja na rafiki yake Nelly.

"Wewe kazi yako ni kulinda betri tu," Nelly alimcheka. "Hata kubonyeza hujui."

"Najua kuliko wewe."

"Basi bonyeza tuone."

Kache akabonyeza. Mstari wa kijani ukaanza kutambaa kwenye kioo, polepole mno. Ulipofika nusu, refa alipuliza filimbi. Mechi imeanza, na kisanduku hakirushi chochote. Kache akashikwa na hofu. Alichomoa betri, akairudisha. Kioo kilibaki cheusi.

"Inaenda?" Kahindi aliuliza kutoka juu.

Kache akainua kidole gumba.

Simu ya Kahindi, aliyokuwa ameachiwa Kache, ikalia. Alikuwa shangazi yao Pola, aliyekuwa kazini Muscat. Kache akaiondoa sauti. Simu iliendelea kumulika.

Watu walicheza kama wanapigana. Beki wa Matsangoni alimvunja pua mchezaji wa Watamu kwa kiwiko, damu ikalowesha jezi mpaka kiunoni. Mwingine alikanyagwa tumbo akiwa chini, akatolewa akitapika. Dakika ya themanini na nane, bila kwa bila, mpira ulipiga mwamba, ukadunda chini, kipa akaudaka. Watamu wakasema umevuka mstari. Matsangoni wakakataa. Refa akamwita Kahindi alete picha.

Kahindi alishuka, akafungua kisanduku, akabonyeza huku na huku. Jasho lilimtoka.

"Hakuna picha," alisema. "Hata moja."

Abubakr, nahodha wa Watamu, alimsukuma kifuani. "Umeona tumefunga, ukazima."

"Sikuzima, ndugu yangu. Sijui kimepatwa na nini."

"Wewe si wa Matsangoni? Utasema nini kingine?"

Kofi la kwanza lilimwangusha Kahindi magotini. Kisha watu wengi wakamrukia kwa ngumi na mateke. Kache alisimama hatua tano tu kutoka pale. Alijua maneno machache yangetosha. Alijiambia kwamba watachoka.

Hawakuchoka. Kijana mmoja aling'oa mguu wa meza ya mtangazaji wa mechi, akampiga Kahindi mdomoni. Meno mawili yakaanguka mchangani. Vijana wa Matsangoni walikuja mbio na mawe, mtu akapasuliwa kichwa, Nelly akakimbia akilia. Ndipo Kache alipoona mtu amenyanyua jiwe kwa mikono miwili juu ya kichwa cha kaka yake.

Alimpokonya mtangazaji kipaza sauti.

"Ni mimi," alisema, na sauti yake ikajaa uwanja. "Kaka hakuzima kisanduku. Mimi ndiye niliyekibonyeza, nikachomoa betri. Aliponiuliza kama inaenda, nikamdanganya."

Mwenye jiwe akasita. Abubakr aligeuka, akihema. "Wamtetea kaka yako tu."

Kache akampa simu. Shangazi Pola alikuwa ametuma ujumbe mara tisa. Wa kwanza uliingia saa kumi na dakika tatu: Mbona hatuoni kitu? Mechi ilianza saa kumi kamili. Abubakr aliusoma mara mbili. Basi hakuna ambaye angezima kisanduku kwa sababu ya goli ambalo lilikuwa bado halijapigwa.

"Wekeni mawe chini," aliwaambia watu wake. "Tumempiga mtu bure." Yeye mwenyewe alimbeba Kahindi hadi kwenye tuktuk. Kamati ikaamua mechi irudiwe.

Baada ya wiki moja, Kache na Kahindi walikwenda Malindi kwa fundi Azim, mzee wa miaka sitini aliyekwishasikia habari za vurugu za fainali.

"Shikamoo, fundi."

"Marahaba. Nani aliyechomoa betri?"

"Mimi," Kache alijibu.

Azim alitia programu mpya kwenye kadi, akaichomeka kwenye kisanduku, akakiunga na umeme. Walikaa nusu saa bila kukigusa. Mwishowe kioo kikawaka.

"Kifaa kilichozimwa katikati hurudi," Azim alisema. "Mimi nimeharibu vingi kuliko wewe, sikuhukumu kwa hilo. Lakini ungesema palepale, refa angejua kwamba hakuna picha kabla mpira haujachezwa. Ulificha kosa dogo, likamwangukia mtu asiyelijua. Ukikosea, mwanangu, sema wakati huohuo."

Walipotoka dukani Kahindi alisimama. Midomo yake ilikuwa bado imevimba.

"Ulinyamaza kwa nini?"

"Niliogopa utanikasirikia, kaka."

"Ningekasirika, ndiyo. Ningekugombeza mbele ya Nelly mpaka ulie." Alipitisha ulimi kwenye pengo. "Lakini hasira zangu hazijamng'oa mtu meno."