Aliyempisha Kwenye Foleni

Ofisi ya utumishi ya chuo ilifurika walimu wapya Ijumaa ile, kila mmoja na barua yake ya ajira mkononi. Mwalimu wa kemia, ndani ya gauni la kijani alilolipiga pasi mara mbili, alikuwa amebakiza hatua moja afike dirishani aliposikia sauti nyuma yake.

"Dada mrembo, nipishe tafadhali. Mama yangu yuko wodini peke yake."

Akageuka. Shati jeupe, jasho usoni, na maneno ya kumtoa nyoka pangoni. Akampisha. Karani akamwandika yule kijana daftarini, akatazama saa, akafunga dirisha. "Wengine Jumatatu!"

Ndipo mapenzi yalipoanzia. Wakafundisha idara moja miaka minne, na simu haikupoa.

"Umekula, malkia?"

"Nimekula, mkorofi wangu. Acha kunichunga."

Kila penye sherehe kijana alisimulia: "Alinipisha kwenye foleni, nami nikampisha moyoni!" Watu wakacheka, mama yake akimwita binti mkwe.

Kisha kiti cha mkuu wa idara kikawa wazi. Kanuni ya chuo ilikuwa fupi: wenye sifa sawa, hutangulia aliyeripoti kazini mapema. Ijumaa ikaishinda Jumatatu, kijana akateuliwa. Mwalimu wa kemia akaenda mahakamani kudai kwamba alifika siku ileile, tena mbele yake. Karani alikwisha kufariki. Shahidi alibaki mmoja tu.

"Utawaambia nilikupisha?" alimuuliza kwenye simu.

"Hilo nalo la kuuliza, mpenzi? Nitaapa."

Akaapa kweli. Wakili wa chuo alisimama akakisoma kiapo chake: "Watu walikuwa wengi. Sikumbuki nani alikuwa mbele yangu." Binti akamtazama, naye akainamia viatu vyake, viatu alivyonunuliwa na binti huyohuyo. Kesi ikatupwa.

Kijana akamkimbilia nje, tai ikimpeperuka begani.

"Malkia, nisikilize! Nikiwa mkuu mimi, si umekuwa wewe? Wiki ijayo naleta wazee kwenu. Tuoane, yaishe."

"Hiyo ni posa au fidia?"

"Nakupenda, haki ya Mungu!"

"Najua. Ungekuwa unanichukia, nisingeumia hivi."

Naye alimpenda bado, na hilo ndilo lililomtia hasira kuliko hukumu. Mama mtu alipompigia kumwombea mwanawe msamaha, alimsikiliza mpaka mwisho, akamjibu kwa heshima kwamba mkwe hayupo tena.

Jumatatu aligonga mlango wa ofisi ya mkuu kuchukua ratiba ya vipindi.

"Karibu, malkia."

"Ahsante, Mkuu wa Idara."

"Usiniite hivyo, jamani. Tuko wawili tu."

"Ndicho cheo ulichokiapia," akasema, akasaini kupokea ratiba yake, akaenda darasani. Machozi aliyazuia mpaka wanafunzi walipoinamia karatasi zao za jaribio.