Kiti cha Pili

Nyie wajukuu hamchoki! Goti linaniuma, macho yananiuma, nanyi mnataka hadithi ya mjomba wenu. Haya. Ila atakayeshindwa kulala asije kunivuta blanketi.

Mjomba wenu aliandika michezo ya televisheni: mauaji, wivu, watu waliochanganyikiwa. Aliishi peke yake ghorofani, chumba na jiko. Kazi aliianza kwa mdomo. Aliweka kiti cha pili, kitupu, mbele yake, akatamka maneno ya kila mhusika kwa sauti ya mhusika huyo, ndipo akaandika.

Siku moja mama yenu mdogo alimwendea akilia, akamweleza jinsi mumewe anavyomkaba.

"Kaka, haya yaishie hapa jikoni."

"Niamini, mdogo wangu."

Thubutu! Aliyatia kwenye mchezo neno kwa neno, hata kwikwi yake. Watu wakamsifu: huyu anawajua wanawake! Mumewe naye aliutazama. Wiki ile ile tukamzika huyo binti yangu.

Mjomba wenu akaendelea kuandika.

Jioni moja balbu iliungua, akashuka dukani kununua nyingine. Kurudi, anatia ufunguo mlangoni... mtu anaongea ndani.

Mwanamume. Anasoma maneno ya mume wa kwenye mchezo, yale aliyoyaacha mjomba wenu mezani.

Akatega sikio.

Ilikuwa sauti yake mwenyewe.

Akasukuma mlango. Giza. Harufu ya dawa ya kuchua, ile aliyojipaka binti yangu shingoni. Akapapasa kiti cha pili...

Kina joto.

"Nani?" akauliza.

Akaziba mdomo. Sauti iliyotoka ilikuwa ya dada yake. Na kwikwi yake.

Gizani, ile sauti yake mwenyewe, ya kiume, ikanong'ona: "Haya yaishie hapa, kaka."

Sauti yake ilikwenda wapi, sijui. Madaktari walimchungulia koo, wakaona koo.

Haandiki tena. Hajui kuandika asichokitamka, na kila anachotamka kinatoka kwa sauti ya marehemu. Dukani ananyoosha kidole kama bubu. Marafiki walimkimbia mmoja mmoja.

Mara ya kwanza nilipompigia simu akasema, "Mama?" Nilikaa sakafuni pale pale.

Sasa nampigia kila jioni. Simu inaita weee, mwisho anapokea, maana mimi ni mama yake. Anasema, "Mama." Nami nafumba macho, namwambia aseme tena.

Anasema.

Anajua fika kwamba simpigii yeye.