Lituma Mbili za Usukani

"Mikono yangu haijuake baridi," Ezéchiel alisema, na daraja zima la Tshopo likamsikia. "Weye unauliza jiko kama inasikia moto?"

Ilikuwa mwezi wa nane, alfajiri, mvua ya usiku imetoka tu kunyamaza. Ukungu ulikuwa unapanda kutoka mtoni kama mvuke wa sufuria. Kwenye mlango wa daraja palikuwa pamejaa: makamioni ya mizigo yanakohoa, akina mama na mabeseni ya mihogo kichwani, pikipiki zinapiga honi bila sababu, na sisi watu wa toleka kama hamsini. Toleka ni baiskeli yetu ya kazi, yenye mto wa kukalia abiria nyuma. Inabeba mtu, inabeba makala, yaani makaa ya jikoni, inabeba na deni la moyo, kama mtakavyoona.

Msichana aliyemchokoza Ezéchiel alikuwa amekaa nyuma ya sufuria kubwa, amejifunga liputa, kitenge cha kijani chenye ndege weupe, kitambaa kimefungwa kichwani kwa upande, kama mtu anayejua anatazamwa. Jina lake Glodie, mtoto wa wavuvi wa pale maporomokoni, ila alikuwa anaishi Tshopo kwa shangazi yake, Tantine Julienne. Alikuwa anauza lituma: ndizi za kupondwa, zimeviringishwa na kufungwa katika jani la mangongo, moto wa kuunguza ulimi.

"Papa toleka," alikuwa amemwambia, "vidole yako inacheza ngoma. Baridi ama?" Ndipo Ezéchiel akajibu lile la jiko.

"Bon," Glodie akasema. "Mutu ya jiko, unanunua ama unafunga njia ya watu?"

"Ninanunua mbili. Moja ya miye, moja ya kukukumbuka."

"Ya kunikumbuka bei ni mara mbili."

Watu wakacheka. Mimi Timothée nilikuwa nyuma yake, gurudumu langu linagusa lake. Haya nayasimulia kwa sababu nilikuwapo, na pale ambapo sikuwapo nayajua vilevile. Msiniulize nimejuaje.

Ezéchiel aliziweka lituma ndani ya jaketi, akavuka daraja anapiga mluzi. Baada ya kona, pale Glodie hawezi kumwona, alisimama, akaingiza mikono kwapani, akasema maneno ambayo padri asingeyapenda.

Kwa sababu jiko lilikuwa limezimika zamani. Kila asubuhi tunapanda njia ya zamani ya Buta, kilomita kumi na nne hadi Masako, kuchukua pondu, yale majani ya mihogo, na makala, turudi mjini jua likiwa juu. Kurudi si kitu. Kwenda ndiyo vita. Msitu unakudondoshea maji, upepo wa mteremko unakuuma kwenye vifundo vya vidole vilivyolowa, na ukifika kilomita ya sita unaitafuta breki kwa mkono usioujua tena kama ni wako. Wengine huvaa soksi mikononi. Ukungu huzilowesha mara moja, na soksi iliyolowa ni baridi mara mbili. Wengine hufunga sashe za plastiki: jasho linageuka maji ya kisima. Wengine wanaweka mkono mmoja kwapani, wanaendesha na mwingine, na mitaro ya Masako inawafahamu kwa majina.

Asubuhi ile Ezéchiel aligundua yake. Alitoa lituma kifuani, akaishika, akafumba macho. Akakata vipande viwili vya chambre à air ya zamani, ule mpira wa ndani ya gurudumu, akafunga lituma moja kila upande wa usukani, pale kiganja kinapokaa. Jani la mangongo linatunza moto kama siri. Alifika Masako anapiga kengele kama bwana harusi.

Kesho yake akarudi kwa Glodie. Na kesho kutwa. Wiki mbili hazijaisha, Glodie alikuwa anamchagulia lituma mwenyewe kutoka chini kabisa ya sufuria, na mchana simu inalia.

"Allô, jiko yangu."

"Allô, chérie. Umekula?"

"Miye ndiye wa kuuliza. Ya leo ilikuwa namna gani?"

"Imenipasha mwili yote." Na hapo hakudanganya.

"Na ndani? Haukusikia kitu ndani?"

"Nilisikia mapenzi."

Glodie alicheka mpaka simu ikakwaruza, kwa sababu ndani alikuwa ameficha kitu kweli: kipande cha samaki kapiteni wa kukaushwa, cha tumbo, kile chenye mafuta, ambacho baba yake mvuvi hakiuzi kwa mtu. Alikiiba nyumbani kwa baba kila Jumapili, akakigawa kwa siku za kazi. Hakumwambia Ezéchiel. Alitaka akikute mwenyewe.

Na Ezéchiel hakukikuta, maana hakuzifungua hata siku moja. Zikifika Masako zilikuwa zimebanwa, zinanuka mpira na kutu. Alizitupa kwenye shimo nyuma ya jiko la Annette, binti wa mzee anayetuuzia pondu, nguruwe wao ale.

Mtasema: si anunue nne, mbili za mikono, mbili za mdomo, na amwambie ukweli? Nilimwambia hivyo hivyo. Akanijibu, "Timothée, mwanamuke amekupenda juu ya kuwa jiko. Utamwambia namna gani kama moto ulikufaka?"

Mambo yalikuwa yanakwenda mbio. Tantine Julienne alikuwa na dada Bafwasende, mwenye mgahawa wa madereva wa makamioni, aliyekuwa anamwomba Glodie akampikie. Julienne akasema wazi: "Kama huyo mutu wa toleka iko na mukubwa kwao, aje kupiga hodi ya posa Jumapili ya mwisho ya mwezi. Asipokuja, Jumatatu unapanda kamio." Ezéchiel akamwandaa tonton, yaani mjomba wake, akanunua shati jeupe, akalipigisha pasi siku nne kabla.

Ikafika Alhamisi ya wiki ile. Asubuhi hiyo, kabla Ezéchiel hajafika, kinywa kimoja cha mzaha, katika vinywa vingi vya pale darajani, kikamwambia Glodie:

"Glodie, weye unapika, Annette wa Masako anakula. Jana alilamba vidole mpaka kiwiko! Anasema: hii tumbo ya kapiteni ndiyo inajua jina yangu."

Foleni nzima ikaangua kicheko. Glodie naye alicheka. Kisha akafunika sufuria, akaushika mfuniko kwa mikono miwili, na hakuufungua tena mpaka Ezéchiel alipofika achukue zake mbili. Duniani ni watu wawili tu waliopaswa kujua kuna kapiteni: aliyemweka na aliyemkuta.

Ijumaa Ezéchiel akaja na manyunyu.

"Ezé. Lituma ya jana ilikuwa na nini ndani?"

"Mapenzi, chérie."

"Ile mapenzi iko na miiba ama haina?"

Akadhani ni mchezo. "Mapenzi yote iko na miiba."

"Leo sina lituma ya kukuuzia."

"Sufuria si hii imejaa?"

"Imejaa ya watu wanaokula."

Hapo ndipo alipaswa kusema. Sentensi moja tu: mikono yangu inakufa baridi, nisamehe. Lakini nyuma yake palikuwa na watu thelathini, na wote walikuwa wamesikia habari za jiko. Aliingiza mikono mifukoni.

"Bon," akasema. "Miye baridi hainijuake."

Akaondoka mikono mitupu. Kilomita ya tisa, kwenye mteremko wa daraja la mbao, aliivuta breki na vidole vikakataa kufunga. Tulimtoa mtaroni, usukani umepinda, kifundo cha mkono kimevimba kama papai. Alipiga simu mara kumi na moja kwa mkono mzima. Glodie aliitazama ikilia. Jumapili tonton akasema, "Mutoto, mimi sipigi hodi kwa mulango yenye inakukatalia hata allô." Shati likabaki msumarini.

Jumatatu nilimwona Glodie juu ya kamio la Bafwasende, liputa lile lile la kijani, anatazama toleka za darajani moja moja. Aliponifikia, nilijifanya nafunga kamba za viatu. Nilikuwa nimevaa sandali.

Mwezi wa kumi, baada ya kusikia kuwa Annette ametajwa, Ezéchiel akajaribu tena, na safari hii akapokea. Mkono ulikuwa bado hauna nguvu, akaweka simu juu ya mto wa toleka, sauti nje. Nilisimama pembeni.

"Glodie, sikumupa mwanamuke. Mikono yangu inasikia baridi."

"Unasema nini?"

"Baridi mingi. Lituma zako nilikuwa nafunga kwa usukani, nishike moto. Nikifika Masako zimeharibika, ninatupia nguruwe."

Kamio likapiga honi kule Bafwasende.

"Ezéchiel. Miye naamka watu wote wamelala, natwanga. Naiba tumbo ya kapiteni kwa papa yangu mwenye kunizaa. Nguruwe anakula?"

"Kapiteni gani?"

Glodie akaguna. "Afadhali mwanamuke. Mwanamuke angesema aksanti."

Ezéchiel akacheka bila kutaka, na Glodie akacheka, kisha kicheko chake kikalowa.

"Ungeniambia tu," akasema. "Ningekutwangia ya mikono pembeni, bila chumvi, ya kila siku, mpaka uzeeke."

"Rudi, chérie. Niko na shati."

"Walishakuja kupiga hodi, Ezé. Dereva mumoja. Siku ya kwanza aliingia jikoni, akanyoosha mikono akasema: dada, nipe moto, nakufa na baridi. Ni ile tu alisema. Tantine ameshapokea kinywaji ya posa."

"Unamupenda?"

"Anakulaka." Kisha akasema: "Vaa kitu mikononi, Ezé."

Simu ikakatika.

Hadithi hii niliisimulia Jumamosi pale parkingi, mvua imetufungia wote chini ya mabati. Watu walikuwa wanapangusa machozi, ya kucheka na yale mengine. Ezéchiel alikuwa kwenye kona na kikombe cha chai, ameshazoea kuchekwa na mimi. Annette naye alikuwa ameshuka kutoka Masako na mafungu ya pondu, amekaa juu yake, anasikiliza.

"Rudilia pale pa kapiteni," akaniambia.

Nikarudilia, kwa madoido.

"Yaya Timothée," akasema, maana kwetu yaya ni kaka, "miye sijaonja lituma ya yaya Ezéchiel hata siku moja. Nguruwe yetu pia haijaonja, ulikuwa unaifukuza na fimbo. Nilikuwa kwa dirisha ya jiko, natwanga. Unachutama, unafungua jani, unatoa samaki, unalamba na kidole. Kila siku ya kazi. Ni weye tu ulijua kuna samaki, na halafu darajani unasema ni miye?"

Mvua iliendelea kupiga mabati. Nilitafuta mzaha, mmoja tu, hata mbovu.

Ezéchiel aliweka kikombe chini, akasimama, akanijia polepole. Nilingoja kofi. Nililitamani.

"Timothée," akauliza, taratibu kabisa, "huyo kapiteni alikuwa na tamu gani?"